Ndugu wa Madhabahuni

Baba yangu alizaa mabinti watupu. Mimi ndiye wa kwanza, kwa hiyo masimango yote niliyasikia yakiwa bado ya moto. Shangazi zangu walikuwa wakija kwetu Nyakahura, wanakaa barazani, wanakula ndizi zetu wanashiba, halafu wanauliza mji huu, yaani nyumba na migomba yake, utabaki na nani. Baba alikuwa mwalimu wa dini wa kigango chetu, mtu mpole, na jibu lake lilikuwa kwamba mji utabaki na Mungu. Shangazi walicheka. Mungu hapalilii migomba, walisema.

Nalitaja hili mwanzoni kwa sababu kwa miaka mingi sikuona linahusiana vipi na yaliyonipata. Sasa sina hakika.

Miaka ya wakimbizi ilipoanza, barabara inayotoka Ngara ilijaa watu wanaokimbia Burundi. Wengi waliishia makambini. Wachache waliendelea mbele, wakaingia vijijini kutafuta vibarua, na kwetu haikuwa shida kuelewana nao, kwa maana Kirundi na Kihangaza chetu vinasikilizana. Miongoni mwao alikuwamo fundi wa kufyatua matofali, mtu wa rika la baba, aliyefiwa na mke na kubaki na mwana mmoja wa kiume wa umri wangu. Kigango kilikuwa kinajenga kanisa, baba akampa kazi. Sisi vijana wa jumuiya tukapangiwa zamu za kuchota maji ya kukandia udongo. Mimi nilichota hata siku zisizo zangu, mpaka mama akaanza kusema kwamba siku hizi nimekuwa mcha Mungu sana.

Yule kijana alikuwa wa maneno machache, na akicheka anacheka kwa mabega. Tulikubaliana mapema, tukiwa tumesimama kwenye tope, kwamba kanisa likishaezekwa baba yake atakuja kwetu na pombe ya posa kama desturi inavyotaka. Nilimpenda. Sina namna nyingine ya kulisema hilo, na kwa umri wangu wa sasa sioni haja ya kulizungushia maneno.

Kisha jioni moja sungusungu, walinzi wa kijiji, wakamkamata yule fundi barabarani. Walitaka kujua kwa nini mkimbizi anazurura nje ya kambi. Baba alikuwa anapita na baiskeli yake, akashuka, akawaambia wamwachie, huyu ni ndugu yake. Wakamwachia, maana nani angedhani mwalimu wa dini anadanganya?

Alirudi nyumbani uso umemshuka. Ule uongo ulimsumbua. Mtu mwingine angekwenda kuungama, akapewa sala zake za kitubio, yakaisha. Baba alisema kuungama hakutasaidia, kwa kuwa sungusungu watauliza tena na yeye atajibu vilevile. Akaona heri uongo wenyewe ugeuzwe uwe kweli. Nilipomsikia akimwambia mama hivyo nilidhani anatania. Baba hakuwa mtu wa utani.

Kwetu ipo njia ya kumfanya mtu baki kuwa ndugu, nayo ni kunywana. Wawili wanachanjwa karibu na kitovu, buni inapasuliwa, kila pande linatiwa damu ya mmoja na kuliwa na mwenzake. Baada ya hapo ni ndugu hadi kaburini, na atakayemsaliti mwenzake tumbo litamvimba. Taabu ni kwamba kila mwaka baba mwenyewe aliwafundisha wanaojiandaa kwa ubatizo kwamba kunywana ni mambo ya kipagani. Hangeweza kulinywa alilokataza. Akapanda baiskeli akaenda kwa padre.

Padre wetu alikuwa kijana wa Kitanzania aliyetoka masomoni ng'ambo, mpenzi wa historia za kale. Alifurahi kuliko baba alivyotarajia. Alisema kwamba hapo zamani Wakristo wa nchi za Mashariki walikuwa na sala ya kuwafanya watu wawili ndugu. Walisimama mbele ya altare, wakaweka mikono juu ya Injili, wakashika mishumaa, pengine wakafungwa pamoja kwa mshipi mmoja, padre akawaombea upendo usio na wivu, nao wakabusiana wakatoka. Hakuna damu. Baba aliporudi alikuwa anapiga mluzi.

Ikafanyika Jumapili moja baada ya misa, kuta za kanisa zikiwa zimefika kifuani na juu yetu turubai. Baba na fundi wa matofali walisimama bega kwa bega, mikono juu ya kitabu, padre akaizungushia stola yake ya shingoni. Waumini hawakujua washike lipi. Bibi mmoja mwenye macho mabovu akapiga vigelegele, akauliza bibi harusi yuko wapi. Wengine walidhani mkimbizi anabatizwa upya. Mwenyekiti wa kijiji aliwaambia watu wake kwamba huo ni mkataba wa kazi, mwingine akasema ni baba anatubu. Wenyewe wawili walilia, na mimi nililia kwa furaha, kwa sababu nilifikiri familia zetu zinaanza kuungana, bado sisi tu.

Baadaye, wakati wa chakula, nilikuwa nasugua masufuria nikamwona bibi yangu, mama yake baba, akiwaita wale wawili nyuma ya nyumba. Mkononi alikuwa na buni. Waliporudi wote wawili walikuwa wanatafuna. Kutafuna kahawa na mgeni ni jambo la kila siku kwetu, halina neno. Ila bibi alikuwa anatabasamu mno. Nilimuuliza baba kama walichanjana, akanijibu kwamba kutafuna kahawa si dhambi, na hilo silo nililouliza.

Fundi akapewa kiwanja nyuma ya migomba yetu, akajenga. Kanisa likaezekwa. Kijana akamweleza baba yake habari zetu.

Nilitegemea pombe. Badala yake yule mzee alikuja mikono mitupu, akakaa na baba ndani, na mimi nikabana sikio ukutani. Alimweleza baba aliyoambiwa na mwanawe. Kisha bibi, ambaye hakuna aliyemwalika, akasema wanachotaka watoto hawa hakiwezekani, kwa sababu watoto wa watu walionywana wametoka tumbo moja.

"Hatukunywana, mama," baba alisema. "Tuliombewa tu."

"Basi huyu si ndugu yako," bibi akajibu. "Ulituambia ni ndugu yako mbele ya altare. Chagua."

Baba hakuchagua. Akisema ni ndugu, mimi na yule kijana tumekwisha. Akisema si ndugu, amedanganya sungusungu, amedanganya kanisa, na rafiki yake hana pa kusimama pale kijijini. Nilitamani kuingia niwaambie kwamba mimi sikutiwa stola na mtu yeyote. Lakini binti haingii kwenye kikao cha wazee, na pia, Mungu anisamehe, sikujua bibi amekosea wapi. Kila nilipolipindua neno lake lilisimama.

Tukaenda kwa padre Biharamulo mjini, alikokuwa amehamia wakati huo, wazee wawili na mimi. Tulimkuta njiani karibu na boma la Wajerumani, akatupeleka kivulini. Baba akamuuliza kama sala ile inawazuia watoto wao kuoana. Padre alikuna kichwa. Alisema hata hao wa kale walibishana. Wako walioshikilia kwamba undugu wa namna hiyo unawahusu wawili waliosimama tu, hauvuki kwenda kwa watoto. Wako waliouogopa wakaukataza kabisa. Na wako walioutumia kwa mambo ya urithi na amani baina ya koo, wakauhesabu kama undugu wowote. Baba akauliza sasa yeye anasemaje.

"Nilidhani nabariki urafiki," padre akasema. "Kumbe wewe ulikuwa unaumba ndugu."

Yule fundi akasema kwa upole kwamba kama ni urafiki tu, marafiki alikuwa nao wengi huko kwao. Hakuna aliyemuuliza wako wapi. Padre aliahidi kuuliza kwa wakubwa wake. Nilirudi nyumbani nimechanganyikiwa kuliko nilivyokwenda. Wahenga walisema undugu ni kufaana si kufanana, nami njia nzima nilijiuliza huu unamfaa nani.

Jibu la wakubwa halikuwahi. Kabla yake lilikuja tangazo kwamba wakimbizi wote wanaoishi vijijini warudi kambini. Malori yalifika asubuhi, maofisa na mgambo wakapita nyumba kwa nyumba. Walipofika kwetu fundi na mwanawe walikuwa wamekwisha kufunga vifurushi vyao. Baba alisimama kwenye njia inayopita kati ya migomba.

Ofisa hakuwa mtu mbaya. Alikuwa amechoka. Alimuuliza baba hawa ni nani kwake. Nilikuwa nimesimama hatua chache nyuma, na nilijua, kama baba alivyojua, kwamba majibu yalikuwa mawili. Wengi waliooa kwetu walikuwa wanatetewa na wakwe zao pale pale, na baadhi yao wakaruhusiwa kubaki. Angeweza kusema huyu kijana ni mkwe wangu, anamwoa binti yangu huyu hapa. Kijana alinitazama. Nilimtazama baba kisogoni, nikawa namwomba kimoyomoyo alitamke.

"Huyu ni ndugu yangu," baba akasema. "Na huyu ni mwanangu."

"Ndugu wa damu?" ofisa akauliza.

Baba akasema ndiyo. Alilisema mbele ya mwenyekiti wa kijiji, sungusungu na majirani. Mwenyekiti akathibitisha kwamba ni kweli, kanisani walishuhudia. Lori likaondoka bila wao.

Nilipaswa kushukuru, na nilishukuru. Niliingia jikoni nikalia hadi mama akaniondolea chungu mbele yangu kisije kikapasuka. Yule kijana alipita mlangoni akaniita mushiki wanje, ndiyo dada kwa Kirundi. Hakulisema kwa uchungu wala kwa mzaha. Alilisema kama mtu anayejaribu kiatu. Nilimchukia siku hiyo, halafu kesho yake nikampelekea chakula, kwa sababu dada ndivyo afanyavyo.

Yaliyofuata yalikuwa ya kawaida. Niliolewa Nyarubungo na mtu mwema, na aliyenisindikiza kwa niaba ya kaka zangu ambao hawakuwahi kuzaliwa ni yule kijana. Naye akaoa, akapata watoto, wakaniita shangazi. Nilijizoeza. Kuna miaka nilimwona kama kaka kweli, nikamgombeza, nikamwazima jembe. Na kuna siku nilimwona akicheka kwa mabega, nikageukia pembeni.

Baba alipofariki, yule fundi alikuwa amemtangulia. Wazee wa ukoo walikaa kuchagua mrithi, kwa maana desturi yetu haimwachi marehemu bila mtu wa kukaa mahali pake, na asiye na mwana hurithiwa na mtoto wa ndugu yake. Shangazi zangu walijaribu kunong'ona kwamba mtoto wa huyo ndugu ni mkimbizi. Bibi alikuwa amekwisha kufa, hivyo nilidhani watashinda. Lakini mzee mmoja akauliza ni nani hapa asiyejua kwamba marehemu alikuwa na ndugu, na akatutazama sisi mabinti. Nilijikuta nimesema kwanza kuliko wote kwamba ndugu alikuwa naye. Wakamkalisha yule mwana wa fundi kwenye kiti cha baba, wakampa mkuki wa baba, na kuanzia siku hiyo, kama ilivyo ada kwa mrithi, sisi sote tunamwita baba.

Nilikaa kando ya kaburi la baba nikijiuliza swali ambalo hadi leo sijalipatia mlango. Siku ile kati ya migomba, baba alikuwa anamwokoa ndugu yake, au alikuwa anajipatia mwana? Masimango ya shangazi zangu alikuwa ameyala miaka mingi. Au labda aliliogopa tumbo kuvimba. Au hakuwa amefikiri chochote, alisema tu lile alilokwisha kulisema mara ya kwanza barabarani na baiskeli mkononi. Mtu mpole ni mgumu kumsoma.

Mwaka jana binti yangu mkubwa alipata mchumba. Desturi ni kwamba babu ndiye anayetoa neno la mwisho, na babu hayupo, yupo mrithi wake. Nikampeleka Nyakahura. Tulipiga magoti, binti yangu akasema shikamoo babu, nami nikasema shikamoo baba, akaitikia marahaba akiwa kwenye kile kiti. Mvi zimemjaa. Alisikiliza habari za kijana, kwao wapi, anafanya kazi gani, anasali wapi. Kisha akauliza lile ambalo mrithi hana budi kuliuliza.

"Wazee wao na wazee wetu hawakuwahi kufanya undugu wowote? Wa damu, wala wa kanisani?"

Binti yangu alicheka, akaona ni swali la kizee. Yeye hakucheka. Alikuwa ananitazama mimi, na nilielewa kwamba alikuwa amelibeba swali hilo tangu siku ya malori, kama mimi.

"Hapana, baba," nikamwambia. "Hawakufanya."

"Hakika?"

"Nilikwenda kuuliza mwenyewe, nyumba kwa nyumba."

Akaishika buni iliyokuwa kwenye kikapu, akampa binti yangu atafune. Akasema basi aolewe.