Maji Niliyoyameza

Nyumba ya bibi kule Tlawi ilikuwa na nguzo ya katikati, na kwenye nguzo hiyo, upande wanaolala ndama, kulikuwa na uyoga. Nyumba nyingi za zamani huku Mbulu zinao. Ni mnene, wa kijivu, una mikunjo kama sikio la ng'ombe, na hauliwi. Unaishi kwa moshi na pumzi za mifugo, na unatunza sauti. Ukiunyunyizia maziwa ya vuguvugu asubuhi, unarudisha kidogo kidogo ulichosikia zamani.

Uyoga wa bibi ulikuwa na sauti ya mama yangu. Alirudi kwao kuugua, akafia pale, mimi nikiwa bado wa kubebwa mgongoni. Sauti yake yote niliyoijua ilikuwa vipande vitatu: kicheko, kikohozi, na "Toka hapo, we mbuzi." Bibi akisikia hicho cha mbuzi alikuwa akitabasamu. "Hata kitandani alikuwa mkali," alisema.

Shule niliacha darasa la tano. Nimefyatua matofali, nimepakia vitunguu Katesh, nimekuwa utingo wa lori la ngano. Nikifika mahali nataka kujua kila kitu kinavyofanya kazi. Nikishajua, naondoka.

Mwaka juzi mjomba, mdogo wake mama, alimaliza kumjengea bibi nyumba ya tofali na bati ng'ambo ya kijito. Akanipigia simu nije tuhamishe uyoga.

Kazi hiyo ina masharti. Uyoga unabanduliwa na kipande cha nguzo yake, unafungwa kwa blanketi lililoloweshwa ili sauti za mbali zisipenye, na wabebaji wanajaza maji mdomoni ili wasiweze kusema. Sauti ya kwanza uyoga kuisikia lazima iwe ya mwenye nyumba, akiuita kwenye nguzo mpya. Ukitangulia kusikia sauti nyingine, unaachia vyote ulivyonavyo na kuishika hiyo.

Mimi nilibeba mzigo begani. Mjomba alitangulia mbali kidogo, mashavu yamemvimba, akizuia watu kwa mikono. Jirani mmoja alikuwa anashusha ng'ombe wake kunywa maji, kengele zinalia. Alimwona mjomba akacheka.

"Shemeji, umeng'atwa na nyuki?"

Mjomba akaonyesha blanketi. Jirani akanyamaza, akaanza kung'oa majani, na wote wawili wakashuka kuziba kengele moja moja. Mimi nikabaki juu, peke yangu na mama.

Bibi aliwahi kuniambia uyoga una mengi chini ambayo hautoi. Toka utotoni nilitaka kujua kama kuna mahali humo mama anazungumza habari zangu. Hata neno moja. Nikaketi kwenye jiwe, nikafunua kona ya blanketi. Nilijua sharti kama ninavyolijua jina langu. Nikameza maji.

"Mama, upo?"

Haukutoa kitu. Nikaufunika, nikachota maji mengine kijitoni tulipovuka, nikajaza mdomo. Mjomba hakuona.

Bibi aliuita vizuri, kwa sauti ya kumwita mtu aliyeko shambani. Kisha akanyunyizia maziwa. Siku ya kwanza kimya, ya pili kimya. Siku ya tatu tukiwa tunakunywa uji, uyoga ukasema taratibu, kwa sauti iliyokwaruza kutokana na maji baridi: "Mama, upo?"

Masikio ya bibi yamechoka siku nyingi. Aliweka bakuli chini.

"Nipo, mwanangu," alisema. "Nipo hapa. Tumehama tu."

Mjomba alinitazama, akatoka nje. Nilimfuata mpaka zizini.

"Uliyameza," alisema.

"Niliyameza, mjomba."

"Na kicheko chake?"

 Mjomba alishika fito ya zizi. Yule alikuwa dada yake kabla hajawa mama yangu, na sikuwahi kulifikiria hilo.

"Nimwambie bibi?"

"Mimi usiniulize. Kwani ulipoyameza uliniuliza?"

Niliondoka kesho yake. Sasa narudi kila mwezi, mimi ambaye nilikuwa nakaa mwaka bila kuonekana, na kila nikirudi nimeshapanga maneno njia nzima kutoka Katesh. Mara ya mwisho nilimkuta bibi ameshawasha moto.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba. Njoo ukae. Mama yako ananiita kila siku, hakuwahi kunipenda hivi alipokuwa hai." Alicheka peke yake. "Cha mbuzi amekiacha. Nadhani ameshapoa hasira."

"Bibi, kuna kitu nataka kukwambia."

"Subiri kwanza aseme."

Akanyunyizia maziwa. Sauti yangu ikauliza kama mama yupo.

"Nipo, mwanangu," bibi akajibu, kisha akanigusa goti. "Na wewe mjibu. Asidhani hukuja."

Nikasema nipo. Bibi akachovya vidole tena kwenye maziwa, ili tuongee naye zaidi.