Sauti ya Orvokki Kwenye Filamu ya Nzi

Saa moja asubuhi, Orvokki Kiiskilä anakoroga uji ambao hakuna mtu atakayeunywa. Ni unga wa mahindi, molasi na hamira, na walaji wake ni nzi wa matunda wanaofugwa ndani ya chupa katika maabara ya vinasaba mjini Turku, Finland.

“Tulieni, mabwana wadogo,” anawaambia. “Jana mmebakiza, leo mnanililia njaa.”

Orvokki, mwenye umri wa miaka 63, ameifanya kazi hii kwa miaka 31. Mwaka huu ameingia kwenye filamu fupi ya majaribio, isiyo na hadithi wala msimulizi. Mtengenezaji wake, Iiris Sundvall, alitumbukiza vipande vya utepe wa filamu ndani ya chupa, nzi wakatembea juu yake. Nyayo zao zinaonekana kama vumbi la wino, juu ya picha ya mikono ya Orvokki ikikoroga.

Iiris alirekodi pia sauti ya Orvokki akizungumza na nzi. Orvokki hakutaka isikike kwa mtu yeyote.

“Watasema nimechanganyikiwa,” alimwambia.

Sauti ikaondolewa, filamu ikabaki bubu.

Mwezi uliopita alikwenda na mumewe, Taisto, kwenye onyesho la kujaribia. Taisto alikuwa mchomeleaji wa meli. Alipoteza uwezo wa kuona miaka miwili iliyopita. Ndani ya maabara hajawahi kuingia.

“Miaka yote unarudi unanuka hamira,” humtania mkewe. “Mimi nilijua una bwana muoka mikate.”

Ukumbini alikaa mikono magotini. Baada ya muda akamwinamia Orvokki.

“Mke wangu, bado hawajaanza?”

Filamu ilikuwa imekwisha.

Kesho yake Orvokki alimpigia Iiris simu.

“Nirudishie sauti yangu.”

“Yote, mama? Hata pale unapowatukana?”

“Hapo hasa. Asiponisikia nikitukana, atajuaje kama ni mimi?”

Onyesho rasmi ni Ijumaa, katika maktaba ya mji. Orvokki, ambaye anastaafu Juni, amepanga kuketi kando ya mumewe bila kumweleza chochote.

“Ya kusema nimeshawaambia nzi,” anasema, kisha anazima jiko.