Siku Chifu Kelele Alipofika Chwele

Ko! Mlio wa fimbo juu ya meza. Huo ndio Kipketer aliobaki nao kutoka miaka yake ya runinga, na alikuwa haupendi tena. Alikuwa Chifu Kelele, chifu wa vichekesho ambaye kila baraza alilimaliza kwa kugonga meza na kunguruma: "Imepita! Anayepinga akapingie kwake!" Kitale nzima ilimjua. Hata Inderjit wa duka la vipuri aligonga kaunta kila alipomwona akipita.

Aliacha kuigiza baada ya kumzika mama yake. Alisimama kando ya jeneza kumuaga, sauti ikamkatika, na waombolezaji wakaangua kicheko. Hawakuwa na ubaya. Walimwona Chifu akilia, wakangoja fimbo. Yale aliyotaka kumwambia mama yake hakuyasema, na hayajapata pa kwenda mpaka leo.

Basi akarudi darasani na mvi zake, akasomea sera za umma, akapata kazi Bungoma katika ofisi inayoandaa mipango ya masoko. Kazi yake ilikuwa kuwasikiliza watu kabla jambo halijaamuliwa. Aliipenda kama mtu anavyopenda kiatu kisichombana.

Ndipo yeye na wenzake wa ofisini wakaenda soko la Chwele. Mpango ulikuwa wauza kuku watolewe kando ya barabara, wapelekwe nyuma, ng'ambo ya zizi la ng'ombe. Watu wa soko walikusanyika chini ya turubai, wakasali, wakagawiwa soda na mkate, wakaketi.

"Chifu! Si utuchekeshe kidogo, bana!" mtu akapaza sauti kutoka nyuma.

"Leo nimekuja kusikiliza," alijibu Kipketer, na kwa kweli alimaanisha.

Mama mmoja aitwaye Nakhungu akasimama, kuku kamkumbatia kwapani. "Mimi nimesomesha watoto na hawa kuku, hapo hapo kwa barabara. Sasa ati twende nyuma. Huko nyuma, mimi nawaambia—"

"Keti, mama! Unachelewesha watu!" akafoka muuza ng'ombe mmoja.

"Wewe ndio uketi! Mwache aseme!"

Wote wakasimama, kila mmoja na lake. Mawingu yalikuwa yameshuka kutoka Mlima Elgon, na upepo ukaanza kuvuta turubai. Gicheru, mkubwa wa Kipketer kazini, akamwinamia sikioni. "Mvua hiyo. Wewe ndiye wanakusikia. Maliza."

Kipketer alikuwa na chupa ya soda mkononi, meza mbele yake. Hakuwaza.

Ko!

"Imepita! Anayepinga akapingie kwake!"

Umati ukalipuka. Watu walishikana mabega, wakajipiga mapaja, na Gicheru alipouliza nani anakubali, mikono ikainuka huku macho yakitoka machozi ya kicheko. "Wewe ni dhahabu," Gicheru akamwambia.

Kipketer akamtafuta Nakhungu kwa macho. Naye alikuwa anacheka, kiganja mdomoni. Kisha kicheko kikamwisha polepole, akatazama huku na huku kama mtu aliyeamshwa, akaketi na kuku wake mapajani. Hakuna aliyemwangalia. Kipketer akaiweka chupa chini. Aliujua uso ule. Ndio aliokuwa nao yeye kando ya jeneza.

Matone ya kwanza yalipoanguka, alimkuta Nakhungu akifunga tenga lake la kuku.

"Wewe Chifu!" Nakhungu akasema, akitabasamu kidogo. "Umenichekesha hata mimi. Nimecheka mpaka nimejikuta nimehamishwa."

Wauza ndizi waliokuwa wakikimbilia vibandani wakapunguza mwendo, wakimngoja Kipketer achekeshe tena. Kutoka garini Gicheru akapiga honi. "Twende, bwana! Si imepita?"

"Haijapita," Kipketer akamjibu bila kugeuka. "Usiandike kitu."

Akachuchumaa matopeni kando ya tenga, mvua ikimlowesha mgongo. Sauti ya Chifu ilikuwa tayari kooni, nene, imezoea njia. Akaimeza. Iliyotoka ilikuwa ndogo hata wauza ndizi hawakuisikia.

"Malizia, mama. Huko nyuma, ulikuwa unatuambia..."