Jeli Iliyokataa Kuganda

Mimi shaka nimezaliwa nayo. Nikinunua mayai nayatia majini moja moja nione lipi linaelea. Nikiletewa samaki nafunua mashavu, na mtu akinisifu zaidi ya mara mbili najiuliza anataka nini. Marehemu mama yangu alikuwa akisema, "Wewe hata maiti ungemwekea kioo puani." Sikatai.

Kwa hivyo mtu asidhani jeli iliingia nyumbani kwangu kirahisi. Binti yangu alipoleta kile kiboksi kutoka dukani, nilikigeuza pande zote nikitafuta alama ya halali, nikamuuliza unga ule umetokana na mifupa ya nani. Akanionyesha kwamba ni ng'ombe, tena aliyechinjwa kwa Bismillahi. Haikunitosha. Nikamwambia ampelekee picha ndugu yangu anayesomesha madrasa. Ndugu yangu akajibu neno moja: "Kuleni." Ndipo nikatia maji motoni.

Nilikoroga, nikafungua kopo la matunda, nikapanga tabaka jekundu na tabaka la kijani ndani ya bakuli la kioo, nikatia kwenye friji. Siku ya pili ilikuwa Idi. Nikaipindua juu ya sinia mbele ya ukoo mzima, ikasimama yenyewe, inatetemeka, matunda yanaonekana kwa ndani. Watoto wakapiga kelele. Mavyaa yangu, mama wa mume wangu, ambaye kwa miaka ishirini na tatu hajapata kusifu chakula changu bila ya kutaja chumvi, alikula vijiko viwili akasema, "Hii utaifanya tena." Nililala na maneno hayo wiki nzima. Tangu siku hiyo, kila tukikutana, biriani ni la wenzangu, lakini mishkaki na jeli ni yangu.

Sasa nimlete wifi yangu, dada mkubwa wa mume wangu. Aliolewa Faza, na mumewe ana shamba huko. Mungu hakuwajaalia mtoto. Kila akija kwetu Lamu hupanda pikipiki mpaka gatini Mtangawanda, kisha boti, na haji mikono mitupu: huja na kikapu cha mapapai. Yale mabichi ni ya kulainishia nyama ya mishkaki, maana hapana mbuzi mgumu mbele ya papai bichi. Yale yaliyoanza kuiva ni ya kula. Binti yangu akimsikia shangazi yake ngazini huacha lolote alilonalo akakimbia. Mimi hakunikimbilia hivyo hata siku moja, na lilikuwa likinichoma. Naliweka hapa wazi kwa sababu hayo yanayofuata hayaeleweki bila ya hilo.

Idi ya kuchinja wifi alifika siku moja kabla. Nilikuwa jikoni, ghorofa ya juu, na kikapu chake mbele yangu. Nikasema, ya nini kopo na tunda la shamba lipo? Nikachagua papai gumu gumu lisije likapondeka, nikalikata vipande vidogo vidogo, nikavitia kwenye jeli. Yale mabichi nikayakwaruza nikaipaka nyama. Wifi akapanda, akaliinamia bakuli.

"Lo! Wifi, yapendeza hii. Mato yangu hayajaona kitu kama hiki."

Nikasubiri aseme Mashaallah, maana sifa bila ya neno hilo huleta jicho. Hakusema. Alichukua ndoo akenda kuoga.

Asubuhi nilifungua friji nikakuta supu. Supu nyekundu, mapapai yanaogelea. Stima haikupotea usiku ule, kwani chupa za maji zilikuwa na barafu mpaka shingoni. Kiboksi ni kile kile na maji niliyapima. Watoto walikuja na vikombe wakainywa, na mavyaa akauliza mbele za watu, "Leo umetufanyia sharubati?" Nilikwenda kukaa kwenye ngazi nikalia. Na nilipokuwa nikilia, nilisikia vizuri kabisa ndani ya kichwa changu: mato yangu hayajaona kitu kama hiki.

Idi iliyofuata wifi hakuja, mumewe alikuwa hajiwezi. Hakukuwa na kikapu, nikafungua kopo langu. Jeli ikasimama kama siku ile ya kwanza. Dalili ya mvua ni mawingu, nikajisemea, lakini sikumwambia mtu.

Kisha ikaja posa ya binti yangu. Wifi akaja na kikapu chake, na safari hii nilimuwekea macho. Nilipomaliza kupanga mapapai nililifunika bakuli kwa kitambaa, nikasoma sura ya Falaq kwa sauti ya kusikika mpaka barazani. Wifi akaingia, akafunua kitambaa, akatabasamu, akasema, "Mashaallah." Alisema, sitamsingizia. Lakini aliisema baada ya kuangalia, nami nikaona imechelewa.

Siku ya pili wakwe wakakaa, nikafungua friji: supu. Mama wa kijana aliyekuja kumposa binti yangu aliletewa glasi ya maji mekundu, akaigeuza geuza, akaiweka chini kwa adabu.

Hapo ndipo nilipofanya nilichofanya. Sikusema kwamba wifi yangu ana jicho. Wallahi sikulitamka neno hilo. Nilimwambia jirani mmoja tu, tukiwa dirishani: "Ajabu, akija yeye haigandi." Jirani akavuta pumzi. "Na mtoto hana," akasema taratibu, anajijibu mwenyewe. Nilikuwa na nafasi ya kumkata. Nilinyamaza, na kunyamaza kule kulisema zaidi ya ulimi. Watu husema lisemwalo lipo, kama halipo laja, na katika vichochoro vyetu huja kabla ya adhuhuri.

Mume wangu alipozipata habari msikitini alirudi uso umembadilika. "Dada yangu? Aliyenibeba mgongoni? Muogope Mungu, mwanamke!" Nikamwambia mimi sikusema kitu, nimesimulia tu ya jeli.

Siku ya harusi, wifi alipita baina ya wanawake waliokaa kwenye mikeka, akimsalimu huyu na yule. Mama mmoja mwenye mtoto mchanga akamvutia mtoto kanga usoni. Wa pili naye akamfunika wake. Mimi niliona. Wifi naye aliona, kwa sababu alisimama pale katikati, mkono bado ameunyoosha, kisha akaurudisha ndani ya buibui. Akala kidogo, akatuaga na asubuhi yake akaondoka. Hakuja tena kwa muda wa miaka miwili.

Mapapai yalikuja. Kila mjumuiko boti ilileta kikapu na salamu, na mimi sikuyatia mdomoni. Niliyagawa, mengine nikampa punda. Na jeli? Ya kopo, iliganda kila mara. Ushahidi gani tena mtu angeutaka?

Binti yangu akajifungua mtoto wa kiume. Tukajiandaa kwa arobaini yake, na kikapu kikafika kutoka Faza, lakini mwenyewe hakufika, na binti yangu alilia kwa hilo. "Mtoto wangu hataonwa na shangazi yangu?" Nikajibu kwamba ataonwa Mungu akipenda. Moyoni nilishukuru. Siku hiyo nilikuwa na kazi ya nyama, mbuzi mzee tuliyemchinja, na mapapai ya sokoni yalikuwa yamekwisha, nikatumia yale mabichi ya kikapuni baada ya kuyasomea. Jeli aliifanya binti yangu, asinishauri.

Asubuhi nikafungua friji. Supu! Na ndani yake mapapai, yale ya Faza. "Yalikuwapo, Mama, ningeyatupa?" akasema binti yangu.

Niseme kweli nilichokifikiri kwanza? Nilifikiri: subhanallah, jicho lake lafika mpaka huku!

Nikamuacha hapo, nikaenda kuitazama nyama yangu. Nikatumbukiza mikono kwenye beseni kutafuta vipande vya kutia vijitini. Mbuzi yule alikuwa mzee hata kisu kilimkataa jana yake. Sasa nyama ilikatika vidoleni kama mkate uliolowa chai. Nikaishika, nikaibonyeza. Mapapai ya kikapu kile kile, na jeli nayo imetokana na ng'ombe. Mikono yangu ikasimama ndani ya beseni.

"Lete kile kiboksi," nikamwambia binti yangu. "Kisome chote, mpaka zile herufi za sisimizi."

Akasoma. Nyuma kabisa, chini, kwa Kizungu kidogo kidogo: usitie nanasi bichi wala papai, jeli haitaganda. Kiboksi nilichokigeuza pande zote nikitafuta kosa la ng'ombe.

Hata hapo, shaka haikuniacha. Nilikoroga vikombe viwili, kimoja na papai, kimoja bila, nikakaa mbele ya friji kama askari. Kimoja kikaganda. Cha papai kikabaki maji, na hapana mtu aliyekitazama isipokuwa mimi. Nilimpelekea mavyaa vikombe vyote viwili nikamueleza. Alivitikisa kimoja kimoja. "Shimo la ulimi mkono haufutiki," akasema. "Haya, nenda."

Tukaenda Faza, mimi na binti yangu na mtoto. Njia nzima nilipanga maneno. Wifi alitupokea mlangoni, akamkumbatia binti yangu mpaka wakatikiswa na kilio wote wawili. Lakini mtandio aliuteremsha mpaka kwenye nyusi, na kila mtoto aliposogezwa yeye alipata kitu cha kuokota upande wa pili. Mtoto alipolia, akaondoka mbio kwenda kutupikia chai.

Nikamfuata jikoni. Nikamwambia yote: jirani, dirisha, kunyamaza kwangu, beseni la nyama, vikombe viwili. Nikamwambia pia lile la binti yangu kumkimbilia yeye ngazini. "Mwenye kijicho nilikuwa mimi, wifi. Nisamehe."

Akaacha kukoroga chai. "Papai?" akasema. Akaanza kucheka. "Subhanallah! Papai! Na mimi ndiye niliyekuwa nikilibeba!" Alicheka mpaka akashika ukuta, nami nikacheka naye, nikihisi mzigo unanitoka. Kisha akajifuta uso. "Nimekusamehe, wifi. Nilikusamehe zamani."

Nikaona yamekwisha. Nikaenda nikamchukua mtoto kwa mamake, nikarudi nikamuweka mikononi mwa wifi kabla hajapata cha kuokota.

Alimpokea vizuri, mkono mmoja chini ya kichwa. Lakini macho alikuwa ameyafumba, ameyafumba kwa nguvu mpaka kope zinatetemeka.

"Wifi," nikasema, "fumbua mato."

"Siyui kama sina jicho, wifi."

"Si nimekwambia ni papai?"

"Umenambia. Mtu moya aweza kukosea. Mui mzima wa Lamu?" Akamvuta mtoto kifuani. "Miaka miwili nimepita ndiani nikitazama chini. Ile ilikuwa jeli. Huyu ni mtoto."

Chai ilichemka ikamwagika mekoni, hakuna aliyeiendea. Wifi alimnusa mtoto kichwani, kisha akapitisha kidole taratibu: kipaji, nyusi, pua, kidevu.

"Amefanana na nani?" akaniuliza.

"Pua ni yako," nikamwambia. "Tazama."

Akaishika tena ile pua, akatabasamu, na hakufumbua.