Rimu Kubwa, Gari Dogo

Siku ya kwanza kazini, Msimamizi wa Stoo hakunikaribisha hata kiti. Alinipa kitambaa kikuukuu, akanionyesha rundo la matairi lililokaribia dari, akasema, "Futa vumbi ubavuni mwa lile la chini kabisa, kisha unisomee kilichoandikwa."

Nilikuwa nimevaa buibui jipya. Nyumbani nilikuwa nimewaambia kwamba nimepata kazi ya ofisini, ya kupokea simu. Stoo yenyewe ilikuwa upande wa Kilindini, karibu na pale malori yanapojipanga kusubiri zamu ya kuingia bandarini, na harufu ya mpira ilikushika koo kabla hujafika mlangoni. Nikapiga magoti, nikafuta, nikasoma: "Mia moja sabini na tano, mkwaju, sitini na tano, R, kumi na nne."

"Maana yake nini?"

"Sijui, bwana."

"Basi hujasoma. Umetamka tu."

Msimamizi huyo alikuwa mtu wa Taita, mrefu, msemaji wa polepole, Mkristo aliyekuwa akituruhusu kwenda kuswali kabla hatujaomba ruhusa. Alinieleza hapo hapo nikiwa bado nimepiga magoti. Namba ya kwanza ni upana wa tairi kwa milimita. Ya pili ni urefu wa ubavu wake, yaani sehemu ya mpira inayosimama kati ya rimu na barabara, ukihesabiwa kwa asilimia ya ule upana. Ya tatu ni kipenyo cha rimu kwa inchi. "Ukikosea ya kwanza," alisema, "gari litasugua. Ukikosea ya pili, saa ya mwendo itamdanganya dereva. Ukikosea ya tatu, tairi halitaingia kabisa, na hilo ndilo kosa zuri, kwa sababu litakuzuia papo hapo. Hayo mengine mawili yatakuacha uende zako."

Nawaandikia ninyi mnaonunua vigari vyenu vya kwanza, mkaanza kutafuta rimu siku hiyo hiyo, hata bima hamjakata. Nawaandikia nikiwa nimechoka nanyi, nawaambieni mapema.

Baada ya miaka ya stoo nilihamishiwa dukani, tawi la Bondeni, nikakaa kaunta. Huko ndiko subira yangu ilikoishia. Mteja akiingia alikuwa akitazama juu ya kichwa changu, kisha nyuma ya mlango, kisha ananiuliza, "Mtu wa matairi yupo?"

"Ndiye mimi."

"La, mama, fundi hasa."

Nikimwambia mafundi wako uani, wao wanafunga, anayechagua ni mimi, anacheka kidogo, halafu anauliza bei ya rimu aliyoipenda ukutani. Aliipenda kwa nini? Kwa sababu inang'aa. Watu walichagua rimu kama wanavyochagua kanga ya sikukuu, kwa rangi na nakshi. Hakuna aliyeuliza kama itakaa garini.

Kukaa garini kuna masharti yake. Kwanza matundu ya nati. Gari dogo aghalabu lina manne, na umbali kati yao lazima ulingane na wa gari lako barabara, si kwa kukisia. Pili tundu la katikati, linaloingia kwenye habu, ule mviringo wa chuma unaobeba gurudumu. Likiwa pana mno, gurudumu linaning'inia kwenye nati peke yake na usukani unatetemeka. Tatu ni kile tulichokiita ofseti: ni kiasi gani rimu inaingia ndani ya gari au inatoka nje. Ikiingia sana tairi litagusa shokabzoba, ikitoka sana litakutana na fenda, lile bati linalofunika gurudumu. Na juu ya hayo yote, ukikuza rimu ni lazima upunguze ubavu wa tairi, ili kimo cha gurudumu zima kibaki kile kile alichokusudia aliyeunda gari. Ndiyo elimu yote. Nimeisema maisha yangu yote ya kazi, na watu walinisikiliza kama wanavyosikiliza tangazo la bahari kuchafuka wakati wao wanaishi nchi kavu.

Sasa niwaeleze habari ya Bakari.

Bakari alikuwa jirani yetu wa Kuze, karani wa kampuni ya kutoa mizigo bandarini, kijana wa adabu, asiyekupita bila kukuamkia. Alikuwa na kigari kidogo cheupe kilichotoka Japani, na kila asubuhi, kabla ya kwenda kazini, alichukua watoto wa mtaani akawapeleka shuleni, ng'ambo ya daraja la Nyali. Magari hayaingii vichochoroni mwetu, kwa hiyo watoto walimngoja barabarani na mikoba yao mgongoni. Mmoja wao alikuwa Rukia, mjukuu wa dada yangu Mwanaidi. Mwanaidi ndiye aliyenilea mimi mama alipofariki, na Rukia ndiye aliyekuwa pumzi yake.

Siku moja Bakari akaja dukani na rimu nne nyuma ya kiti, zimefungwa matairi yake tayari. Rafiki yake alikuwa amezitoa kwenye gari kubwa zaidi. Kigari chake kilikuwa na rimu za inchi kumi na nne. Hizi zilikuwa kumi na saba, pana, zimetoka nje kama mashavu ya mpiga tarumbeta, na tairi halikupunguzwa ubavu hata kidogo.

"Shikamoo, Bi Zuhura."

"Marahaba, mwanangu. Hizo unampelekea nani?"

"Zangu. Nataka mnifungie. Matundu nimehesabu, ni manne kwa manne."

"Matundu yanalingana. Hayo mengine hayalingani. Upana si wake, kimo si chake, na ofseti itayatoa matairi nje. Yatasugua fenda."

"Mwenzangu amefunga kama hizi na hayasugui."

"Mwenzako ana gari gani?"

Akatabasamu lile tabasamu la mtu aliyekwisha kuamua. "Bi Zuhura, gari langu watu wanalicheka. Wanasema ni kibiriti."

Nikakataa. Nikamwambia uani kwetu hazifungwi. Hapo Meneja akatoka ofisini kwake. Alikuwa Meneja mpya, mwenye haraka na kila kitu, aliyekuja kwetu kutoka biashara ya samani. Akauliza kuna nini, nikamweleza. Akazitazama rimu, akamtazama Bakari.

"Zinaingia?" akauliza.

"Zinaingia, ila—"

"Basi fungeni. Bi Zuhura, anayeendesha ni yeye, si wewe."

Akamwita fundi, zikafungwa. Bakari akazunguka Bondeni yote, akarudi ameshusha kioo, uso umemchanua. "Kimya! Hakuna kilichogusa."

"Ulikuwa peke yako ndani ya gari," nikamwambia. "Likipakiwa, springi zitalala, na fenda itashuka juu ya tairi. Utaona."

Akanishukuru, wallahi, akanishukuru kwa heshima zote, akaenda zake.

Jioni ile nilikwenda kwa dada yangu kabla hata sijavua viatu. Nikamwambia, "Rukia asipande tena gari la Bakari mpaka azitoe zile rimu."

Mwanaidi alikuwa anapepeta mchele. Hakuinua macho. "Bakari amemchukua mtoto huyu tangu chekechea. Hachelewi, hapandishi sauti. Leo nimwambie nini? Kwamba Zuhura hapendi rimu zake?"

"Mwambie hata hivyo."

"Nshakusikia. Wewe kila gari kwako ni bovu."

Na kweli nilikuwa hivyo, kila gari nililitazama magurudumu kwanza. Lakini kuwa na tabia hiyo hakukunifanya nikosee siku ile. Nikaenda kwa Bakari pia. Akaniambia atazitazama mwisho wa juma.

Mwisho wa juma haukufika. Asubuhi moja, wakiteremka daraja la Nyali, gari limejaa watoto, tairi la nyuma lilipasuka. Gari likazunguka, likagonga ukingo wa barabara kwa ubavu. Watoto wengine walitoka na hofu tu na midomo iliyochanika. Rukia alivunjika mtulinga, ule mfupa wa kati ya shingo na bega.

Nilipofika hospitali, Mwanaidi alikuwa amesimama nje ya wodi ameshika kiatu kimoja cha mtoto. Nikamwita. Akanitazama kama mtu wa kupita.

"Ni duka lenu lililofunga," akasema. "Unakula mshahara wa watu hao."

Ningeweza kujibu. Nilikuwa na jibu, tena lote la haki: nilikataa, nilikuja nyumbani kwako, nilikuambia. Lakini mtoto alikuwa analia nyuma ya pazia la wodi, na jibu la haki halikuwa na kazi pale. Nikaondoka. Tangu siku hiyo dada yangu hakusema nami. Nikipita barazani kwake alikuwa anageuza uso, na mimi nilimjua, si mtu wa kubembelezwa.

Kesho yake Bakari alikuja dukani amebeba lile tairi. Bega la tairi, pale ubavu unapokutana na uso wa kukanyagia, lilikuwa limenyolewa mzunguko mzima, nyuzi zinaonekana, kama mtu aliyekaa na kisu akalichonga kwa utaratibu. Lilikuwa likikatwa na ukingo wa fenda kila asubuhi watoto walipopanda.

"Nitukane, Bi Zuhura," akasema. Macho yalikuwa mekundu. "Bora unitukane."

"Sina nguvu. Rimu zako za zamani ziko wapi?"

"Nimempa mtu."

Hata hasira yenyewe ikanichoka. Nikamwambia aketi. Kisha nikalichukua tairi lile, nikaingia nalo kwa Meneja bila kubisha hodi, nikaliweka juu ya meza yake ya kioo, juu ya kila kilichokuwapo.

"Bi Zuhura! Nini hiki?"

"Ni lile lililoingia."

Akapitisha kidole juu ya zile nyuzi. Nikamwambia kuanzia leo hakuna gari lililobadilishwa rimu litakalotoka uani kabla kiti cha nyuma hakijajaa watu na usukani haujazungushwa mpaka mwisho, kulia na kushoto, fundi akiwa amechuchumaa anasikiliza.

"Na wateja wakikataa?"

"Watatoka na rimu zao mikononi."

"Hapa ni dukani, mama, si kituo cha polisi."

Nikatoa funguo za kaunta mfukoni, nikaziweka juu ya tairi. Nilikuwa na watoto wa kusomesha. Lakini niliziweka. Meneja akazitazama funguo, akalitazama tairi. Mwishowe akauliza, kwa sauti ndogo ambayo sikuwahi kumsikia nayo, "Na nani atakayekaa hicho kiti cha nyuma?"

"Mimi, mpika chai na bawabu."

Sote watatu tulikuwa watu wa mwili.

Ikawa ndiyo kazi yangu mpaka mwisho. Nimekaa nyuma ya magari ya watu wengi wa kisiwa hiki, nimebanwa kati ya mpika chai na bawabu, magoti yakigusa kidevu, huku mwenye gari akilalamika nje kwamba tunamharibia viti. Mmoja aliniuliza kama ninalipwa kwa kilo. Kila mara gari likisugua, mwenyewe alikuwa ananitazama mimi, si fenda. Nilikasirika kila mara. Sikuzoea, na nilijua ya kwamba siku nitakayozoea nitakuwa sifai.

Ama Bakari, tulimtafutia rimu za chuma za kipimo chake, nyeusi, zisizo na pambo lolote. Alizifunga bila neno. Kisha, bila kuniambia, alikwenda kwa Mwanaidi, akaketi chini barazani mbele ya majirani, akasimulia yote: kwamba nilikataa, kwamba Meneja ndiye aliyeamuru zifungwe, kwamba nilimfuata mpaka nyumbani kwake. Mwanaidi alimsikiliza mpaka mwisho, akamwambia, "Ondoka sasa, nikapike."

Adhuhuri moja, nikiwa ndani ya gari la mteja na wenzangu wawili, nikaona mtu anainama dirishani. Alikuwa dada yangu, na chombo cha chakula mkononi. Akafungua kifuniko: wali wa nazi, na samaki wa kupaka.

"Kula," akasema. "Ukikonda wewe, gari halitashuka."

Bawabu alicheka hadi gari zima likatikisika. Mimi nilishindwa kucheka. Nilikula mumo humo garini, machozi yananidondokea kwenye wali, na mwenye gari anapiga kelele kuhusu mafuta ya samaki kwenye viti vyake. Mfupa wa Rukia uliunga vizuri. Bega moja limebaki juu kidogo kuliko la pili, na ukimtania anacheka.

Sasa nimestaafu, lakini simu yangu haijastaafu. Wapwa na watoto wa majirani wananitumia picha. "Shangazi, nyeusi au fedha?" Nawauliza gari gani, ofseti ngapi, mnapakia watu wangapi. Wananijibu kwa picha nyingine ya rimu ile ile, imepigwa kwa upande mwingine. Mlango wa dereva ukiufungua kuna kibandiko kinachokwambia tairi lako halisi ni lipi na upepo wake kiasi gani. Anzeni hapo. Kimekaa pale kinawangoja, na hamna habari nacho.

Jambo moja sikulifanya katika miaka yote hiyo: sikujifunza kuendesha. Juzi nikajiandikisha, uzee huu. Mwalimu wa udereva akanijia na kigari chake, akafungua mlango, "Karibu mama, funga mkanda." Mimi nikazunguka gari kwanza. Matairi ya mbele yalikuwa ya vimo viwili tofauti.

"Mama," akaniambia, "umekuja kujifunza au kukagua?"

Nikachukua mkoba wangu, nikarudi nyumbani kwa miguu, jua la saa saba kichwani. Alasiri akanipigia. Sauti ilikuwa ya mtu aliyeshindwa.

"Nimebadilisha, mama. Yote mawili. Tuonane kesho."

"Ahsante, mwalimu. Na la akiba lina upepo?"

Akakata simu. Kesho nitakwenda. Kama halina, nitarudi tena kwa miguu.