Siku Faili Ilipohamia Nairobi

Saa mbili na dakika kumi asubuhi jaji alianza kusoma uamuzi. Nilikuwa nimeegesha gari nje ya ofisi yetu huko Markham, Kanada, simu nimeiegemeza kwenye usukani nikimfuata kwa video. Kenya ilikuwa alasiri.

Mdogo wangu alikuwa amekufa mwaka uliotangulia. Polisi wa kituo cha kwetu waliandika kwamba aligongwa na gari, ingawa majirani wawili walisema walimwona akipigwa, na waliwataja waliompiga. Aliyeongoza uchunguzi alikuwa mkwe wa mmoja wao. Ndiyo maana tuliiomba mahakama iwanyang'anye polisi hao kesi. Sheria sikuisoma chuoni. Nilijifunza jioni kwenye maktaba ya Pickering, hukumu moja baada ya nyingine, mpaka nikaweza kumuuliza wakili maswali yenye maana.

Jaji aliamuru uchunguzi uhamishiwe makao makuu ya upelelezi, Nairobi. Nililia kidogo, nikapangusa uso, nikaingia kazini.

Jumapili kanisani waumini wenzangu walipiga vigelegele.

"Bwana wakili!" mzee mmoja akanitania. "Na faini yangu ya kuegesha gari je, utanifutia lini?"

Tulicheka. Hakuna aliyeuliza, wala mimi sikuuliza, wapelelezi wapya wangeanzia wapi.

Walianzia kaburini. Mwili haukuwahi kupasuliwa na daktari. Faili waliyoipokea ilikuwa na karatasi mbili tu. Walitaka kuufukua mwili, na walitaka kibali cha mama. Kumwomba kwa simu ikawa kazi yangu.

"Mama, kuna jambo wanataka."

"Nimeambiwa. Alikuja msichana mmoja wa Nairobi, mpole, viatu vizuri. Nikamwambia angoje mwenye kesi apige simu."

"Bila mwili hawana la kuthibitisha."

"Mimi nilimwosha kwa mikono yangu. Waniulize mimi."

"Mahakama haitatosheka na hilo, mama."

"Basi mahakama yako ni kiziwi, baba."

Mke wangu, ambaye ni muuguzi, alikuwa mlangoni na sare yake ya kazi. "Usimsukume," akaninong'oneza. Nikamwitikia kwa kichwa.

"Nitatia kidole kwenye karatasi yao," mama akasema. "Lakini siku hiyo nitakuwa kwa dada yako. Na wewe usinipigie."

Walikuja na nyundo, kwa sababu lilikuwa kaburi la saruji na vigae vyeupe, tulilolijenga kwa michango ya hapa Toronto. Ripoti ya daktari ilithibitisha kipigo. Mtu mmoja alikamatwa, akaachiliwa kwa dhamana. Kesi bado haijaanza kusikilizwa.

Tulipomzika mara ya pili nilimwambia mama nitamleta fundi alijenge kaburi upya. Alikataa.

"Udongo unatosha. Wakirudi tena, wachimbe tu."

Vigae, saruji na ufundi vilivyovunjwa siku ile ya kufukua viligharimu shilingi laki moja na elfu arobaini na tano.