Kwa Nini Jirani Yetu Aliitwa Korkmaz

Juzi nilikuwa najaza fomu ya viza ya binti yangu kwenye kompyuta, nikakwama penye kisanduku cha jina la ukoo. Lake si langu, na mashine haipokei maelezo. Mimi, mwenye shahada mbili na mdomo wa kuwafundisha wengine, nikakikodolea macho kama mbuzi aliyeonyeshwa gazeti. Mawazo yakanirudisha Guangzhou, China.

Nilikuwa na miaka kumi, mwishoni mwa miaka ya tisini. Mama alinunua nguo za jumla barabara ya Zhanqian na kuzipeleka Dar es Salaam, na safari ile alinichukua. Tulipokwenda kuongeza muda wa vibali, ofisa akalinganisha pasi zetu. Kwetu, unajua, mwanamke haachi jina la baba yake kwa sababu ameolewa, na mtoto hufuata la baba. Kwenye karatasi, mimi na mama hatukujuana. Ofisa akataka cheti changu cha kuzaliwa, ambacho kilikuwa kabatini Dar, akabaki na pasi yangu. Kisipofika mwezi ule, ningerudishwa nyumbani bila mama.

Bila pasi polisi wangeweza kunikamata mtaani, basi nikafungiwa. Kila asubuhi mama alifunga geti la chuma la mlango wetu, pale mtaa wa Sanyuanli, akaondoka na ufunguo. "Usimfungulie mtu, hata akigonga malaika," alisema, kana kwamba ningeweza.

Ulikuwa msimu wa unyevu, kuta zinatoka jasho na soksi hazikauki wiki nzima. Nilikata nyuzi zilizoning'inia kwenye suruali za jinzi, nikasikiliza utepe wa gundi ukilia kraaa kwenye makatoni ghorofa ya chini, nikanusa vitunguu saumu vilivyokaangwa na watu walio huru.

Mlango uliotazamana na wetu ulikuwa wa Mturuki, msafirishaji wa mizigo, ambaye ofisi yake ilikuwa humohumo anamolala. Kibao chake kilisema Korkmaz. Akisubiri simu, alivuta kigoda koridoni na kunipitishia chai kati ya nondo, katika kigilasi chenye kiuno. Kiingereza chetu sote kilikuwa cha kuokoteza, kwa hiyo tulielewana vizuri. Siku moja nikamuuliza jina lile maana yake nini.

"Asiyeogopa," alisema.

Nikamwambia ana bahati. Akacheka mpaka chai ikamwagika. Zamani, akanieleza, hata kwao mtu alikuwa fulani mwana wa fulani, kama sisi. Kisha serikali ikaamuru kila familia ichague jina la ukoo na kuliandikisha. Babu yake, mkulima wa tumbaku, hakuwa amewahi kuingia ofisini kabla. Mbele ya karani alitetemeka hata akasahau jina alilolichagua nyumbani. Karani akamwonea huruma, au akamdhihaki, ukoo haujaafikiana mpaka leo, akaandika Korkmaz.

"Kwa hiyo sote tunaitwa kile alichokikosa siku ile," alisema, akachukua kigilasi chake.

Wiki ya tatu cheti kikaletwa na msafiri. Nikaenda ofisini nimeazimia kuwa Korkmaz: kifua mbele, sauti kubwa. Ofisa alikisoma, akakigeuza, akaniuliza mimi, si mama, huyu mwanamke ni nani. Mama alitafsiri taratibu, macho chini. Nikaingia ndani ya mtandio wa mama, nikamng'ang'ania kiunoni. Ofisa akanitazama kidogo, akagonga muhuri.

Kisanduku nimekijaza, na cheti cha binti yangu nimekitia mkobani kabisa. Jengo lile nasikia limevunjwa. Jirani nimemtafuta mtandaoni, wakatokea akina Korkmaz wengi kama akina Juma kwetu. Najua jina lao lina maana gani na babu yupi alitetemeka ili jirani yangu alipate. Lake mwenyewe, lile ambalo mama yake alimwitia chakula, sikuwahi kumuuliza.